Aidarusi: jina la ukoo lililogeuka jina la mtoto

Ukihesabu wavulana wa chuoni (madrasani) hapa Amu, yaani Lamu, utawapata kina Athmani, Abubakari, Omari na Ahmadi mpaka uchoke, lakini Aidarusi huenda usimpate hata mmoja. Akipatikana, swali analoulizwa ni lile lile: "Kwani wewe ni sharifu, wa kizazi cha Mtume?" Muulizaji hana nia mbaya, ila amekosea. Jina hili likikaa mwanzo halisemi linalosema likikaa mwisho, na anayetafuta nasaba yake bila kulijua hilo atapotea mapema sana.

Tuanzie lilikotoka. Aidarusi ni laqabu, yaani jina la sifa ambalo watu humbandika mtu juu ya jina alilopewa na wazazi. Wa kwanza kubandikwa alikuwa Abdallah bin Abubakari wa Tarimu, mji wa Hadhramauti huko Yemeni, aliyefariki mwaka 865 wa Hijria, sawa na 1461. Babake naye alikuwa na laqabu yake, Sakrani, "mlevi", kwa maana ya aliyeleweshwa na mapenzi ya Mola. Babu yake, Abdulrahmani, aliitwa Saqqafu, neno linalotokana na saqfu, dari au paa la nyumba. Watu watatu wa damu moja, kila mmoja na laqabu yake, na hiyo haikuwa mbwembwe. Masharifu wa Ba Alawi, kizazi cha Ahmad bin Isa aliyehama Basra mwaka 317 wa Hijria (929), walirithishana majina machache mno: Abdallah, Ali, Alawi, Muhammadi, Abubakari, Abdulrahmani. Ukisema "Abdallah bin Abubakari" katika mji kama huo hujamtaja mtu bado. Laqabu ndiyo iliyowatenganisha, na baada ya vizazi viwili vitatu ikawa jina la nyumba nzima. Ndivyo zilivyopatikana Haddadi (mhunzi), Attasi (mwenye kupiga chafya), Habshi (wa Habasha) na Jamalilaili (uzuri wa usiku), ambayo ni ya Habib Saleh, mwasisi wa msikiti wa Riyadha hapa Amu.

Maana ya Aidarusi haiko wazi kama hizo. Haddadi ataijua hata mwanafunzi wa mwaka wa kwanza wa Kiarabu, lakini Aidarusi haiendi kwenye mzizi wa kawaida wa herufi tatu. Maelezo yanayoshikwa na wengi hulirudisha neno kwenye mzizi wa ain, te, re na sini: atrasa, kukamata kwa nguvu. Hapo ndipo linapotoka neno aitarusi, mojawapo ya majina ya simba, kisha te ikageuka dali. Mgeuko huo hauna ajabu. Te na dali hutamkiwa pahali pamoja, ncha ya ulimi ikigusa mashina ya meno ya juu. Tofauti ni kuwa dali ina mtetemo kooni na te haina. Tamka "aitarusi" mara kumi mbiombio, bila kukaza ulimi, na ya tano au ya sita itatoka Aidarusi. Mwamu anayezoea kutenga t ya meno na t ya ufizi atalihisi jambo hili upesi kuliko mtu wa bara.

Waarabu wana majina ya simba chungu nzima, na mengi tumeshayachukua bila kuuliza maana: Hamza, Abasi, Haidari, Usama. Ahmadi Fumoluti, sultani wa Witu, aliitwa Simba kwa Kiswahili safi, hakuhitaji kamusi. Kwa hiyo Aidarusi likipewa tafsiri ya simba halitoki nje ya mila. Lakini tusijidanganye: mzazi wa Amu anayempa mwanawe jina hili hampi kwa ajili ya mnyama. Humpa kwa ajili ya mtu.

Na mtu mwenyewe mara nyingi si hata yule Abdallah wa kwanza, ni mwanawe, Abubakari. Huyu alizaliwa Tarimu mwaka 851 wa Hijria (1447), akahamia Adeni, akafia huko mwaka 914 (1508). Msikiti na kaburi lake vimo Kraita, ile sehemu ya Adeni iliyojengwa ndani ya shimo la volkano ya kale, na watu wa Adeni humhesabu kuwa ndiye walii, mtu wa Mungu mwenye baraka, wa mji wao. Zipo simulizi za Kiarabu zinazosema ndiye aliyeanzisha unywaji wa kahawa. Nyingine zinampa sifa hiyo Ali bin Omari Shadhili wa Mokha. Aliyekaa barazani alasiri na kikombe mkononi na achague mwenyewe amwombee nani.

Kutoka Hadhramauti na Adeni jina lilifuata jahazi. Bara Hindi lilifika Ahmadabad na Surat. Huko Ahmadabad ndiko alikozaliwa Abdulqadir Al-Aidarus mwaka 1570, mwandishi wa tarehe za wanachuoni wa karne yake. Jakarta liko katika msikiti wa Luar Batang, alikozikwa Habib Husein bin Abubakar Alaydrus aliyefariki mwaka 1756. Huko Hyderabad, jenerali aliyesalimisha jeshi la Nizamu, mtawala wa huko, kwa India mwezi wa Septemba 1948 aliitwa Syed Ahmed El Edroos. Alaydrus, El Edroos, Al-Aidarus: jina ni moja, kila pwani imeliandika kwa sikio lake. Anayetafuta jamaa zake kwenye intaneti kwa tahajia moja tu ataishia kuona robo ya ukoo na kudhani ndio wote.

Huko kote nilikotaja sasa hivi ni jina la ukoo. Linageukaje jina la mtoto?

Njia iliyo kubwa ni tabaruku, kutafuta baraka ya walii. Jina la walii huyu lilikuwa Abubakari, lakini Abubakari wako wengi na wa kwanza wao ni Swahaba. Ukitaka ijulikane umemkusudia yule wa Adeni, unachukua laqabu. Vivyo hivyo ndivyo anavyopatikana mtu aitwaye Badawi: laqabu ya Sayyid Ahmad Al-Badawi wa Tanta, Misri, aliyefariki mwaka 1276, imekaa mahali pa jina. Njia ya pili ni usomo. Mtoto anapewa jina la babu au la mwalimu wa babake, na aliyempa huenda hajui hata Tarimu iko wapi; anachojua ni kuwa somo wa mwanawe alikuwa mtu mwema. Njia ya tatu hupita kwa mama. Mwanamke wa ukoo wa Al-Aidarus akiolewa na sharifu wa ukoo mwingine, watoto hufuata ukoo wa baba, na jina la nyumba ya mama hukatika. Kumwita mmoja wao Aidarusi ni kulirudisha kwa mlango wa nyuma. Kwa ada ya kale ya masharifu kuhusu kafaa, yaani usawa wa nasaba kati ya mume na mke, njia hii ya tatu ilibaki zaidi ndani ya koo za masharifu wenyewe. Mbili za mwanzo ziko wazi kwa kila mtu, na hazihitaji ruhusa ya yeyote.

Mfano mkongwe tulio nao ni wa kisiwa jirani. Mshairi wa Pate aliyeitia Hamziya ya Busiri, kasida ya Kiarabu ya kumsifu Mtume, katika Kiswahili alikuwa Sayyid Aidarusi bin Athmani. Msomaji wa leo akikutana na "Sayyid Aidarusi" hudhani anatajiwa ukoo, kama mtu anavyosema "Bwana Mazrui". Sivyo. Aidarusi ndilo jina lake mwenyewe, na Athmani ni babake. Kinachotoboa siri ni lile neno bin lililokuja mara tu baada yake. Mfano wa siku hizi ni Aidarous al-Zubaidi, mwanasiasa wa kusini mwa Yemeni: jina lake ni Aidarus, na Al-Zubaidi ndiyo nisba yake, yaani jina la kumnasibisha mtu na watu au mahali pake, hana uhusiano wa jina la ukoo na masharifu wa Tarimu. Halafu yuko mwanahistoria wa Mogadishu, Sharifu Aidarus bin Ali Al-Aidarus, ambaye jina liko ncha zote mbili. Hilo si kosa la mchapishaji. Ya mwanzo ni jina, ya mwisho ni ukoo.

Hapo ndipo panapotakiwa jicho la sarufi, kwa sababu mambo matatu madogo huwachanganya watu.

La kwanza ni ile Al. Mtu binafsi anapoitwa kwa jina hili, huitwa Aidarusi tupu. Ukoo huitwa Al-Aidarus. Ukimwandikisha mtoto "Al-Aidarus Omari" umemwandikia kitu kisichokaa sawa: umeweka nembo ya nyumba mahali pa jina la mtu. Tena kwa herufi za Kirumi Al ni mbili zilizovaa nguo moja. Kuna al fupi, ambayo ni kitambulishi tu cha Kiarabu, na kuna Aal ndefu yenye maddi, ambayo maana yake ni "watu wa nyumba ya". Kwa hati ya Kiarabu unaziona mbali: ya pili ni neno linalosimama peke yake, na baada yake huja al fupi. Kwenye kitambulisho cha Kenya zote ni Al. Indonesia wamemaliza ubishi kwa kuigandisha kabisa, Alaydrus, neno moja.

La pili ni i ya mwisho. Katika Badawi, Habshi na Mazrui, i hiyo ni ya nisba, ni sehemu ya neno, huwezi kuitoa. Katika Aidarusi ni irabu ya Kiswahili tu, ile ile iliyomfanya Athman kuwa Athmani na Idris kuwa Idirisi. Kwa hiyo Aidarus na Aidarusi ni jina moja, na anayesema "mimi ni Aidarusi, si Aidarus, kwa hiyo ni wa nisba" amejenga nyumba juu ya mchanga. Mimi napendelea yenye i, na sababu yangu ni ya sikio. Kiarabu hukaza silabi ya mwisho, ndefu: Aidaruus. Kiswahili hukaza ya pili kutoka mwisho. Ukiongeza i, mkazo unabaki palepale kwenye ru, mahali alipouweka Mwarabu. Ukiliacha Aidarus bila i, Mswahili asiyejua Kiarabu huukaza mkazo kwenye da, na jina linapinda. Wazee waliotia i walijua walichokuwa wakifanya.

La tatu ni kuchanganya na Idirisi. Makarani hulifanya hili kosa kila mara, na wakati mwingine huandika Idrus, ambalo linakaa katikati na kumkosesha kila mtu usingizi. Kwa hati ya Kiarabu hakuna shaka. Aidarusi lina herufi sita: ain, ye, dali, re, wau, sini. Idirisi lina tano: alifu, dali, re, ye, sini. Tazama herufi ya kwanza, kama ni ain au alifu. Kisha tazama kabla ya sini, kama kuna wau au ye. Wanaopiga hesabu za abjadi, ambazo kila herufi ina namba yake, watapata 350 kwa la kwanza na 275 kwa la pili, na hiyo ni njia nyepesi ya kuhakikisha hukunakili vibaya, hata kama huamini mengine yanayosemwa juu ya abjadi. Idirisi ni jina la Nabii, na lina masharifu wake wa Maghribi, ambao hawahusiani na nyumba hii ya Tarimu ila huko juu sana.

Sasa tufike kwenye karatasi, maana hapa ndipo jina linapozunguka na kurudi limevaa kanzu ya mtu mwingine. Sisi huandika majina matatu: la mtu, la baba, la babu. Fomu nyingi huliita la mwisho jina la ukoo. Chukua mfano wa kubuni. Mtu anaitwa Aidarusi Shee Bwana. Hana usharifu, alipewa jina kwa tabaruku. Mwanawe ataandikwa Omari Aidarusi Shee. Mjukuu ataandikwa Athmani Omari Aidarusi. Jina lililoanza mbele limefika nyuma kabisa, pale panapoitwa ukoo, kwa vizazi viwili tu na bila mtu yeyote kusema uongo. Mjukuu huyo akienda Mombasa au Nairobi kusoma, ataitwa "Aidarusi" darasani na kazini, na watoto wake huenda wakalishika kama jina la familia lisilohama tena. Kisha mmoja wao anatafuta jina hilo kwenye intaneti, anakutana na Tarimu, na anaamka asubuhi akiwa sharifu.

Njia ya kukagua ipo, na haihitaji ugomvi. Usianze na jina, anza na watu. Panda kutoka kwako hadi kwa yule wa mwisho aliyeitwa Aidarusi kwa jina la kwanza, na uulize babake aliitwa nani na nyumba yao ilijulikana kwa jina gani. Hati ya nikaha iliyoandikwa mbele ya kadhi ni bora kuliko cheti cha kuzaliwa, kwa sababu aghalabu hutaja bin na bint wazi na huonyesha aliyemwoza mke ni nani. Hati za zamani za mauzo ya nyumba na za wakfu pia husaidia, hasa zilizoandikwa kwa Kiarabu, maana huwa zinataja mipaka ya kiwanja kwa majina ya majirani, na jirani hutajwa kwa jina lake kamili. Nyaraka za wilaya ya Lamu za enzi ya Mwingereza zimo kwenye Nyaraka za Taifa, Nairobi, lakini huko jiandae kwa tahajia: tafuta Aidarus, Aidarusi, Idarus, Idarusi, Eidarus, Aydarus, Edarus. Irabu zitakuhadaa, shika konsonanti d, r, s, ambazo hazikimbii.

Anayedai ukoo wenyewe, si jina tu, anatakiwa kuwa na shajara, yaani orodha ya nasaba, na shajara ina viungo visivyokwepeka. Lazima ipite kwa Abdallah Al-Aidarus, kwa babake Abubakari Sakrani, kwa Abdulrahmani Saqqafu, kwa Muhammadi Maula Dawila, kwa Ali, kwa Alawi, hadi kwa Muhammadi bin Ali, Faqihi Muqaddam, aliyefariki mwaka 653 wa Hijria (1255). Ikiruka mmoja kati yao, mwandishi alinakili kwa haraka au alibuni. Kisha hesabu vizazi. Tangu 1461 ni zaidi ya miaka 560. Ukiweka vizazi vitatu kwa kila karne unatarajia majina 17 hivi kati ya Abdallah na kijana wa leo. Yakiwa 15 au 20 hakuna neno, wapo waliozaa wazee na wapo waliozaa vijana. Yakiwa manane kuna pengo, na mara nyingi pengo hilo liko pale ambapo Aidarusi wa jina la kwanza aliungwa moja kwa moja na Aidarusi wa Tarimu. Kitu kingine: ukiona Ba kabla ya jina, kama ilivyo katika Basheikh au Bafadhil, huo ni mtindo wa koo nyingine za Hadhramauti. Ba Alawi ni jina la mkusanyiko mzima wa masharifu hao, lakini "Ba Aidarus" halisemwi.

Kwa mzazi anayetaka kumpa mwanawe jina hili leo, hakuna kizuizi. Ni jina la kiume, lina maana nzuri, na mwenyewe wa kwanza alikuwa mtu wa elimu. Siku ya saba, siku ya akika (mbuzi wawili kwa mvulana, kwa madhehebu yetu ya Shafii), ndiyo siku yake, na kabla ya siku hiyo amueni tahajia, wala msimwachie karani wa hospitali. Andikeni kwenye karatasi kwa herufi kubwa, AIDARUSI, mkampe aisome. Hakikisheni limeandikwa hivyo hivyo kwenye taarifa ya kuzaliwa, na cheti kichukuliwe kabla ya miezi sita kupita, maana baada ya hapo usajili huhesabiwa wa kuchelewa na maswali huongezeka. Msitie alama ya ain, ile koma ya juu wanayoipenda wasomi. Kwenye pasipoti, ile mistari miwili ya chini inayosomwa na mashine, herufi 44 kila mmoja, haikubali koma ya juu, huiondoa. Nacho kistari cha Al-Aidarus hugeuzwa kuwa alama ya kujazia nafasi. Ndiyo maana mtu hujikuta na tiketi ya ndege yenye jina moja na pasipoti yenye jina jingine, akakwama kaunta.

Limebaki la kuitana. Amu masharifu huitwa Mwenye au Sharifu, kwa hiyo "Sharifu Aidarusi" au "Mwenye Aidarusi" ni heshima ikifuatwa na jina la mtu. Lakini Sharifu nalo ni jina la kwanza la watu wengi. Ukiona "Aidarusi Sharifu" kwenye daftari la shule, huyo ni Aidarusi mtoto wa Bwana Sharifu, na pengine Bwana Sharifu ni mvuvi wa Matondoni asiye na shajara yoyote wala haja nayo.